Shajara ya darasa la Mabibo: kutoka hoja sita hadi hoja moja

7 Septemba, Jumamosi

Tumeanza darasa la Kiingereza cha chuo kwa waliomaliza kidato cha sita. Wamefika 23, nilitegemea 15. Chumba kiko juu ya steshenari hapa Mabibo, Dar es Salaam. Mwenye nyumba ametuachia kwa masharti mawili: tukifagie kila tukimaliza, na tusiguse boksi za karatasi zilizopangwa ukutani. Mashine ya kopi ya chini inasikika mpaka juu, lakini mwanga ni mzuri na daladala hazipo mbali.

Wengi wamerudi kutoka mafunzo ya JKT (Jeshi la Kujenga Taifa) siku chache tu zilizopita. Nywele bado fupi. Nikiita jina, mtu anasimama wima na kuitika "Naam, afande!" kabla hajakumbuka yuko wapi. Nimewaambia humu ndani mtu anajibu akiwa amekaa, na anaruhusiwa kunyamaza kidogo akafikiri.

Mpango ni wiki sita, Jumanne, Alhamisi na Jumamosi, saa tatu asubuhi hadi saa tano na nusu. Vyuo vikifunguliwa, wawe wanaweza kufanya mambo manne kwa Kiingereza: kusoma makala ya kitaaluma bila kuzama, kuandika nondo (muhtasari) za mhadhara, kujenga hoja kwenye karatasi, na kutaja walikoitoa. Sarufi nitaigusa njiani. Hawa si watoto wa kuanza na "this is a pen". Walisoma msingi kwa Kiswahili miaka saba, isipokuwa wawili waliotoka shule za Kiingereza, kisha sekondari miaka sita yote kwa Kiingereza, na wote wamefaulu kidato cha sita.

Leo nimewapa swali moja, dakika 40, bila kamusi: "Account for the persistence of floods in the Msimbazi valley", yaani eleza kwa nini mafuriko hayaishi bonde la Msimbazi. Nimechagua Msimbazi kwa sababu hakuna mtoto wa Dar asiyelijua bonde hilo. Mto unatoka vilima vya Pugu, unakatiza katikati ya jiji na kuingia baharini pale Daraja la Selander. Mafuriko ya Desemba 2011 yaliua watu na kubomoa nyumba, na serikali ikawapa baadhi ya waathirika viwanja Mabwepande, mbali na katikati ya jiji. Sikutaka wapambane na Kiingereza na mada ngeni kwa wakati mmoja.

8 Septemba

Nimesoma karatasi zote usiku. Ni karatasi 23 na insha moja.

Kila mmoja ameanza kwa kueleza maana ya mafuriko. Kisha zinakuja hoja sita: mvua kubwa, mifereji mibovu, watu kujenga bondeni, taka, ukataji miti, ukosefu wa elimu. Kila hoja na aya yake, kila aya mistari mitano, halafu hitimisho linaloanza na "Generally". Hata waliokuwa na mambo manne tu ya kusema wamejikamua wakafikisha sita.

Najua inakotoka. Maswali mengi ya kidato cha sita yanataka hoja sita, na mimi mwenyewe nimefundisha hivyo miaka kumi na moja kwa nia njema kabisa, kwa sababu anayesahihisha anahesabu. Mtoto aliyefuata maelekezo hajakosea. Tatizo ni kwamba chuoni hakuna anayehesabu. Mhadhiri anatafuta hoja moja yenye uzito, kisha anaiegemea aone kama itavunjika.

Nilipokuwa mwaka wa kwanza Mlimani (Chuo Kikuu cha Dar es Salaam), insha yangu ya kwanza ilirudi na maneno mawili kwa wino mwekundu pembeni ya kila aya: "Says who?" Nani kasema? Mara sita, kwa hoja zangu sita. Hakuna aliyekuwa amewahi kuniuliza swali hilo, na ilinichukua muhula mzima kulielewa. Ndiyo sababu ya darasa hili.

10 Septemba

Leo vitenzi vya maswali: discuss, examine, account for, compare, to what extent. Nikawauliza: mama akikwambia "nieleze kwa nini umechelewa", utaanza kwa kumpa maana ya kuchelewa? Wakacheka. Kijana wa Mbagala akasema, "Madam, utapigwa kabla hujamaliza." Basi "account for" ni mama mlangoni. Anataka sababu, na anataka ile ya kweli, si orodha.

"To what extent" ndiyo iliyowatesa. Wanaijibu "ndiyo" au "hapana". Nimeandika ubaoni: kabisa, kwa kiasi kikubwa, kwa kiasi fulani, kidogo sana. Chagua sehemu ya kusimama, kisha ueleze kwa nini hukusogea juu wala chini. Wameelewa kwa Kiswahili papo hapo. Kwa Kiingereza bado.

Halafu jambo lililonisumbua. Niliandika mlangoni "English only". Kwa saa mbili nimezungumza na watu wanne, wale wawili wa shule za Kiingereza na wengine wawili jasiri. Wengine 19 wamekaa kama wako msibani.

14 Septemba, Jumamosi

Nimebandua karatasi ya mlangoni.

Leo saa nzima ya kwanza ilikuwa mjadala kwa Kiswahili. Nimeziandika zile hoja sita ubaoni na kuwapa kazi moja: futeni tano, ibaki moja, na kila anayefuta aseme kwa nini. Chumba kilipata moto. Ukosefu wa elimu ulifutwa kwanza, kwa sababu kila mkazi wa bondeni anajua mvua zikija maji yatakuja. Mvua ikafutwa baada ya ubishi mrefu, kwa hoja kwamba mvua inanyesha Mbezi na Masaki pia. Taka zikateteeka kwa muda.

Tukabaki na watu kujenga bondeni. Nikauliza, kwa nini wanabaki? Darasa zima likasema umaskini. Hapo ndipo binti mmoja wa Tabata, aliyesoma HGL (historia, jiografia na Kiingereza) na anayekwenda Chuo Kikuu Ardhi kusoma mipango miji, alipoinua mkono. Wiki nzima sikuwahi kusikia sauti yake.

"Madam, baba yangu mdogo alipewa kiwanja Mabwepande. Hakukaa hata mwaka, akarudi akapanga chumba Kigogo, bondeni humohumo. Kiwanja anacho mpaka leo. Anabeba mizigo Kariakoo. Kutoka Mabwepande nauli ya kwenda na kurudi ingemmaliza. Kigogo anatembea kwa mguu."

Kimya. Kisha yule wa Mbagala akasema taratibu, "Kwa hiyo si kwamba hana pa kwenda. Ana pa kwenda ila hakuna kazi."

Nimefundisha muda mrefu na najua sauti ya darasa linapofikiri. Hoja hiyo isingezaliwa kwa Kiingereza leo, maana binti yule asingeinua mkono. Kuanzia sasa utaratibu ni huu: hoja tunaijenga kwa Kiswahili mpaka isimame, ndipo tunaihamisha. Wapo walimu wenzangu watakaosema nawadekeza. Ninachokiona ni kwamba mtu anayetafuta neno na wazo kwa pamoja hukosa vyote viwili.

17 Septemba

Msamiati. Ninatumia orodha ya maneno ya kitaaluma ya Averil Coxhead, iliyotoka mwaka 2000: familia 570 za maneno yanayojirudia kwenye maandishi ya fani zote za chuo, nje ya yale 2,000 ya kawaida kabisa. Kwa pamoja yanabeba takribani asilimia 10 ya maneno ya maandishi ya kitaaluma. Hayo ndiyo yanayowakwamisha. Maneno ya fani, kama "photosynthesis", tayari wanayo tangu kidato cha pili. Yanayowapiga chenga ni "assume", "derive", "consistent".

Sijawapa orodha wakariri. Nimeandika "chambua" ubaoni nikawaomba watoto wake. Wamemwaga bila kupumua: chambuliwa, chambulika, mchambuzi, uchambuzi, chambulia. Chini yake nikaandika "analyse": analysis, analyst, analytical. Mmoja akasema Kiswahili kinaongeza mbele na nyuma, Kiingereza kinaongeza nyuma tu. Mwingine akampinga kwa "reanalyse". Dakika kumi nzuri sana za isimu, bila mtu kujua kuwa ni isimu.

Kisha matamshi, na hapa nimegundua kitu ambacho nilikuwa nakisikia miaka yote bila kukitilia maanani. Kiswahili kinaweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, karibu daima. Kwa hiyo wanasema "anaLYsis". Kosa lina mantiki yake. Wanatii sheria ya lugha yao. Kiingereza kinahamisha mkazo neno linapobadilika: Analyse, aNAlysis, anaLYtical. Tumepiga makofi kwenye silabi yenye mkazo mpaka kijana wa steshenari akapanda kuuliza kuna nini. Si suala la kujifanya Mzungu. Mhadhiri akitamka "aNAlysis" na wewe unasubiri "anaLYsis", neno linakupita ukiwa unalijua.

21 Septemba, Jumamosi

Nimemleta rafiki yangu anayefundisha historia chuoni. Nimemwomba atoe mhadhara wa dakika 20, kasi yake ya kawaida, bila slaidi na bila huruma. Amezungumzia kuzaliwa kwa Dar es Salaam: Sultani Majid wa Zanzibar akianza kujenga hapa miaka ya 1860, mji ukidorora alipofariki mwaka 1870, kisha Wajerumani wakihamishia makao makuu yao hapa kutoka Bagamoyo mwaka 1891.

Nilikuwa nimekaa nyuma nikitazama mikono. Dakika tatu za kwanza kalamu zote zinakimbia. Dakika ya tano wengi wamesimama, wanamwangalia tu. Walijaribu kuandika kila neno kama imla, sentensi moja ikawaponyoka, wakaipoteza treni nzima. Baadaye nimekusanya madaftari. Karibu wote wana mwaka 1891. Hoja yake yenyewe wameipata watatu tu: kwamba Bagamoyo ilikuwa na biashara lakini maji yake ni mafupi, na meli kubwa zilihitaji bandari yenye kina, ndipo mji ukafuata kina cha maji.

Na alikuwa ameisema wazi! Alisema "what matters here is", akanyamaza kidogo, akaisema. Tumesikiliza tena rekodi kwenye simu yangu tukiwinda vibao vya njiani tu: "what matters here", "on the other hand", "let me come back to". Nikawauliza shehe au mchungaji wao hufanyaje. Wakaanza kuiga: "sasa sikilizeni kwa makini", "nirudi kwenye neno letu la leo". Kumbe wamekuwa wakisikiliza mihadhara tangu utotoni, kila Ijumaa na kila Jumapili, na hawajawahi kuandika mahubiri yote ili wayaelewe.

Nimewaonyesha ukurasa wa Cornell, mpango uliotoka chuo cha jina hilo Marekani kupitia Walter Pauk: safu pana ya kulia ya kuandikia mhadhara unapoendelea, safu nyembamba ya kushoto inayobaki tupu, na nafasi chini. Jioni unarudi, kushoto unaandika maswali ambayo kulia kunayajibu, na chini unafupisha kwa sentensi mbili tatu. Rula zimefanya kazi.

24 Septemba

Umeme hakuna, tumefanyia kazi karibu na dirisha. "A" na "the" tu. Kiswahili hakina hivyo vijineno vya Kiingereza, lakini kina njia yake: "Nilimwona mtoto. Yule mtoto alikuwa analia." Ukiweza kuweka "yule" au "ile" bila sentensi kuharibika, jaribu "the". Haifanyi kazi kila mahali, na nimewaambia hivyo, ila makosa yamepungua nusu kwa macho yangu. Pia "he" na "she", ambazo "yeye" imetuficha sisi sote. Mmoja ameandika ukurasa mzima juu ya mama yake akimwita "he".

28 Septemba, Jumamosi

Kutaja vyanzo. Niliogopa somo hili kuliko yote. Tunakotoka, maandishi ni ya wote. Desa, yaani nondo za kunakiliwa, linapita mkono hadi mkono kwa kopi, halina jina la aliyeliandika. Hata methali tunasema "wahenga walinena" na imetosha. Ukimwambia mtu aliyekulia humo kwamba kunakili ni wizi, anasikia tusi, kwa sababu kwake alikuwa akionyesha heshima kwa maneno mazuri.

Nilianza kueleza jina la mwandishi na mwaka kwenye mabano, nikaona macho yanafifia. Ndipo kijana mmoja mkimya, aliyesoma madrasa miaka mingi kabla ya PCB (fizikia, kemia na baiolojia), akaomba kusema.

"Mwalimu, hii si ni isnadi? Kwenye hadithi huwezi kusema tu 'Mtume alisema'. Unasema imepokewa kutoka kwa Abu Huraira, na nani kaipokea kwake, na imo kwa Bukhari au kwa Muslim. Mnyororo ukiwa na mtu asiyejulikana, hadithi ni dhaifu."

Nikamwachia ubao. Ameeleza vizuri zaidi kwa dakika saba kuliko ambavyo ningeeleza kwa saa mbili: kwamba maneno yana thamani ya mtu aliyeyabeba, na kwamba msikilizaji ana haki ya kuufuata mnyororo mpaka mwanzo. Binti wa kwaya ya kanisani akaongeza kwamba hata Yohana 3:16 ni hivyohivyo, unapewa kitabu, sura na mstari ili ukaone mwenyewe kama mhubiri hajapindisha.

Baada ya hapo APA, ule mtindo wa kuandika marejeo, ilikuwa suala la wapi nukta inakaa. Neno la darasa sasa ni "dhaifu". Ukileta ukurasa wa intaneti usio na mwandishi wala tarehe, hakuna anayesema umekosea. Wanasema tu, "Hiyo dhaifu," na mtu anaenda kutafuta nyingine.

Kueleza mawazo ya mtu kwa maneno yako bado ni kazi. Wengi wanabadilisha neno mojamoja kwa kamusi na sentensi inabaki na mifupa ileile. Dawa niliyoipata: soma aya, funga kitabu, mweleze jirani yako kwa Kiswahili, kisha andika kwa Kiingereza ulichomweleza. Ukipita kwenye lugha nyingine, mifupa ya zamani haiwezi kukufuata.

1 Oktoba

Insha ya kijana wa Mbagala imekuja safi mno. Hakuna "a" wala "the" iliyokosekana. Marejeo matatu, yana majina, miaka na majarida. Sikumgombeza. Nimefungua bando langu tukayatafuta yote matatu pamoja, darasa zima likiangalia, wala sikusema kwa nini. Hayapo. Jarida moja lipo lakini makala hiyo haijawahi kuwemo.

Akasema mwenyewe kwamba aliipa kazi programu ya akili mnemba. "Madam, Kiingereza chake kinanizidi."

Nimemwomba asome aya ya kwanza kwa sauti, kisha anitajie sentensi ambayo isingeweza kuandikwa na mtu asiyewahi kufika Dar. Hakuipata. Hakukuwa na Kigogo, hakukuwa na Jangwani. Ungeweza kubadilisha jina la mto na insha ikaenda nchi nyingine. Yule wa madrasa akasema kwa upole kabisa, "Mnyororo umekatika, kaka."

Ameandika upya kwa mkono, nusu ukurasa, makosa tisa. Anaeleza namna mfereji wa mtaani kwao unavyoziba kila soko linapofagiliwa, jambo aliloliona kwa macho yake. Nimempa alama ya juu kuliko zote za wiki, na nimemwambia wazi kwa nini. Hizo programu watakutana nazo, na zinaweza kuwasaidia kurekebisha sentensi. Kuona mfereji ni kazi yao.

5 Oktoba, Jumamosi

Nataka niandike ya leo kwa kirefu.

Binti wa Tabata amekuwa akilibeba wazo la baba yake mdogo kwa wiki tatu. Siku ya kwanza alikuwa ameandika: "People they live in the valley because of poverty." Baada ya mjadala ikawa: "My uncle returned because of the fare." Jumanne alileta: "Most families stay in the valley because it is near Kariakoo."

Sarufi safi. Nikaweka kidole kwenye neno la kwanza. "Most. Nani kawahesabu?"

"Wengi, Madam. Kila mtu anajua."

"Kila mtu ni nani?"

Akatabasamu, akafuta, akaandika "many". Akaiangalia. Akaniuliza, "Many ni wangapi?" Nikamwambia sijui, na wewe hujui, na hiyo ndiyo kazi. Hiyo ilikuwa Jumanne. Alhamisi hakuja, nikadhani nimemkatisha tamaa.

Leo amefika na daftari. Alikwenda Kigogo, akapita nyumba tisa, shikamoo kila mlango, akauliza swali moja: kwa nini hamhami? Ameyaandika majibu kwa Kiswahili kama yalivyosemwa. Sita walisema kazi iko karibu. Wawili walisema nyumba ni ya urithi na makaburi ya wazee hayako mbali. Mmoja alimwambia hana la kusema, akarudi ndani.

Halafu akauliza darasa, si mimi: "Baba mdogo yumo kwenye sita. Nimhesabu?"

Walibishana karibu nusu saa. Upande mmoja ulisema ni mkazi kama wengine, kumwacha ni kupoteza ushahidi. Upande wa pili ulisema yeye ndiye aliyempa wazo, sasa atakuwaje tena shahidi wa wazo hilohilo? Mmoja akatumia mfano wa baraza la mtaa: mlalamikaji hajitolei ushahidi akahesabiwa mara mbili. Binti alisikiliza wote, akachukua kalamu, akamfuta baba yake mdogo. Zikabaki nyumba nane, watano.

Ndipo tukakaa kwenye sentensi, watu 20 na ubao mmoja. Kitenzi ndicho kilichotuchelewesha. Alitaka "proves". Nikauliza Kiswahili chake. "Inathibitisha." Kwa nyumba nane? Akasema hapana, "inaonyesha". Mwingine akasema "inaelekea". Wa madrasa akasema "huenda". Tumepanga ubaoni kutoka uhakika hadi shaka: inathibitisha, inaonyesha, inaelekea, huenda. Pembeni yake: proves, shows, suggests, may. Vijana waliofundishwa miezi mitatu kujibu kwa sauti ya uhakika wamegundua kwamba Kiswahili chao kina ngazi hizo zote, na kwamba wanazipanda na kuzishuka kila siku wakizungumza na wakubwa.

Ilivyoishia: "Of the eight families I spoke to in Kigogo, five said they stay because their work in Kariakoo is within walking distance. This suggests that distance from work, and not poverty alone, keeps people in the valley."

Maneno 37. Ana umri wa miaka 19. Nimeisoma mara mbili kwa sauti, na mara ya pili ilinibidi nigeukie dirisha.

8 Oktoba

Kusoma makala. Wamezoea kuanza neno la kwanza na kamusi mkononi, ukurasa mmoja dakika 40, na wakifika wa tatu wamesahau wa kwanza. Tumesoma kwa mpangilio mwingine: kichwa, ikisiri (ule muhtasari wa mwanzo), hitimisho, kisha vichwa vidogo, ndipo uamue kama makala inastahili asubuhi yako. Baadhi wanaona ni uvivu. Kwao kuruka ukurasa ni kumkosea mwandishi. Sijawashawishi wote.

12 Oktoba

Mvua za vuli zimeanza, wamefika 14. Tumefanya mazoezi ya kuuliza swali kwenye semina bila kugombana: "Could you say more about", "I wonder whether". Wanaona ni woga. Nimewakumbusha namna wanavyomuuliza babu jambo ambalo hawakubaliani nalo. Hawaanzi na "umekosea".

15 Oktoba

Jana ilikuwa kumbukumbu ya Mwalimu, leo mmoja akauliza kama Nyerere naye alipata shida ya Kiingereza cha chuo. Nikamwambia ninayoyajua: alihitimu Edinburgh mwaka 1952, akarudi kufundisha Pugu, huko huko Msimbazi unakoanzia, na baadaye akatafsiri Shakespeare kwa Kiswahili. Mtu hatafsiri tamthilia nzima akiwa anaiona moja ya lugha hizo mbili kuwa ya kuachwa mlangoni. Tukarudi kwenye kazi.

19 Oktoba, Jumamosi

Kikao cha mwisho. Swali lilelile la siku ya kwanza, dakika 40 zilezile. Wamebaki 19, wengine wameshakwenda Dodoma, Morogoro na Mbeya kuripoti mapema.

Hakuna hata mmoja aliyeanza na maana ya mafuriko. Kumi na mbili wana hoja moja au mbili wanazozitetea mpaka mwisho. Wanne wamerudi kwenye sita, wawili kati yao kwa sababu waliogopa karatasi itaonekana tupu, wamesema wenyewe. Watatu sijui niwaweke wapi: wana hoja nzuri, ila imejificha aya ya nne. "Discuss about" bado ipo, badala ya "discuss" peke yake. Kasi ya kusoma haijapanda vya kutosha, na hapo lawama ni ya mpango wangu. Niliipa siku moja kitu kinachotaka kila kikao.

Kwa kundi lijalo, nibadilishe haya. Kusoma kuanze wiki ya kwanza, dakika 20 kila siku, makala fupi. Mjadala wa Kiswahili uwepo tangu siku ya kwanza, na karatasi ya mlangoni isibandikwe kabisa. Somo la vyanzo lianze na isnadi na Yohana 3:16, APA ifuate. Rafiki wa historia amekubali kurudi. Kijana wa madrasa anakwenda Muhimbili, ameahidi kuja Jumamosi moja kufundisha lile somo, na nimemwandikia kwenye ratiba.

Chumba kimefagiliwa, boksi za karatasi ziko kamili, ufunguo nimeuacha steshenari. Binti wa Tabata ameomba kubaki na lile daftari la Kigogo, ingawa nilitaka kulitumia kama mfano. Nimepiga picha kurasa nne kwa ruhusa yake, nikamrudishia. Anasema kuna nyumba nyingine kumi upande wa pili wa mto ambazo hajazifikia.